Kibao Kilichopinduliwa

Magazeti yameandika kwamba filamu ya lile tamasha la zamani la muziki iliokolewa na teknolojia ya kisasa. Niliyasoma maneno hayo nikiwa nimesimama, nikayasoma tena nikiwa nimeketi, na katika hali zote mbili yalibaki kuwa upuuzi. Teknolojia ya kisasa ndiyo iliyokaribia kuiua. Filamu ile iliokolewa na wifi yangu, mwanamke mwenye ulimi mkali na pua kali kuliko ulimi, na, nisijinyime haki yangu, iliokolewa pia na stoo yangu ya chakula. Kwa kuwa hakuna mwandishi wa gazeti aliyeona haja ya kuuliza, nitaeleza mwenyewe.

Wifi yangu ni dada mkubwa wa mume wangu. Watu wote, kuanzia mama yake mzazi hadi mlinzi wa lango la ofisini kwake, humwita Bi Siki, naye huitika bila kinyongo, kana kwamba alizaliwa na jina hilo. Jina limetokana na kazi. Filamu za zamani, zile za kuzungushwa kwenye magurudumu na kuwekwa ndani ya mikebe ya bati, zinapoanza kuoza hutoa harufu ya siki. Harufu hiyo ni kikohozi cha kwanza cha maradhi yasiyo na dawa. Yanaweza kucheleweshwa tu, kwa baridi na hewa kavu. Baya zaidi, huambukiza: mkebe mmoja ukiugua, majirani zake rafuni nao huanza kunuka. Wahenga walisema akiba haiozi. Nawaheshimu wahenga, lakini hawakuwahi kufungua mkebe wa filamu.

Chuoni Bi Siki alisomea kemia, akafaulu vizuri, na kiwanda cha sabuni kikamwita kwa mshahara wa kutamanisha. Akaenda kutazama, akarudi akasema kwamba kule kila kitu kinanukia, na kwa hiyo pua yake haitakuwa na kazi. Akachagua hifadhi ya filamu: vyumba viwili vya nyuma katika jengo la idara ya serikali, vyenye madirisha madogo, kipoza hewa kinachokoroma, na rafu za chuma zinazofika darini. Mume wangu husema dada yake ndiye mtu pekee anayemfahamu aliyewahi kuikimbia sabuni kwa hiari.

Huko ndiko alikozeekea, ingawa neno hilo usilitamke mbele yake. Kila asubuhi huvaa glavu nyeupe, hufungua mkebe mmoja baada ya mwingine, huuinamia, hufumba macho na kuvuta pumzi. “Mzima,” husema, akaurudisha mahali pake. “Mzima.” Kisha pua hukunjamana: “Huyu ana mafua.” Mwenye mafua huhamishiwa chumba cha pili, ambacho wafanyakazi wote hukiita wodini. Huko Bi Siki huzungusha filamu kwa mkono, taratibu, kutoka gurudumu hadi gurudumu, akipapasa kingo zake kutafuta palipochanika, na penye mchaniko hupaziba kwa utepe mwembamba kwa subira ya mtu anayetoa mwiba mguuni mwa mtoto. Wakati wa kazi hiyo hataki salamu. Ukimwamkia hatakujibu mpaka gurudumu lisimame, na kama wewe ni mtu wa haraka utakuwa umekwisha kuondoka, ukimtangaza mji mzima kuwa ana kiburi.

Pua hiyo haipumziki hata nje ya kazi. Sokoni wauza matunda humwomba asiguse, anuse tu, kisha aende zake bila kutoa hukumu kwa sauti. Alipokuwa msichana alijiwa na mchumba wa maana, mwenye gari na suti, akamkataa kwa sababu moja: alisema ana harufu ya sanduku lililofungwa muda mrefu. Familia ilifadhaika. Baadaye ikajulikana kwamba bwana yule alikuwa na mke mwingine, na sanduku lake lilikuwa kwa huyo. Tangu hapo hakuna aliyebishana na pua. Akaolewa na fundi saa, mtu mpole asiyenuka kitu isipokuwa mafuta ya mashine, na wameishi kwa amani, yeye akizuia vitu visioze na mumewe akizuia vitu visisimame.

Kiburi, kama ni kiburi, alikirithi. Marehemu baba yake, yaani baba mkwe wangu, alikuwa mpigapicha wa filamu katika idara ileile, na alikuwa na tabia ambayo ukoo mzima umeifanya kichekesho. Alikuwa hapigi hodi anapoingia mahali. Aliingia kimya, akaketi pembeni, akasikiliza mazungumzo bila kuyakata; na aliposimama kuondoka, akiwa tayari mlangoni na viatu mguuni, ndipo aliposema, “Hodi.” Siku nilipopelekwa kutambulishwa, nilimdhania kuwa jirani aliyekuja kuazima ngazi. Alipopiga hodi nikamjibu karibu kwa adabu zangu zote, naye akatoka. Nilitaka ardhi inimeze nilipoambiwa ndiye baba mkwe. Mwenyewe alinieleza baadaye, bila hata kutabasamu, kwamba anayepiga hodi akiingia huvunja maneno ya watu, lakini anayepiga hodi akiondoka ametoa tu taarifa kwamba alikuwepo.

Kama tabia hiyo aliitoa kazini au aliipeleka kazini, hakuna ajuaye. Kamera za filamu za zama zile zilikuwa viziwi. Zilinasa picha tu. Sauti ilinaswa na mashine nyingine, kwenye kanda yake peke yake. Ili picha na sauti zije kuoana, ilibidi kuwe na jambo moja linaloonekana na kusikika kwa wakati mmoja. Ndiyo kazi ya kibao: kipande cha ubao chenye ulimi, kinachopigwa mbele ya lenzi, tah. Kwenye picha unaona ulimi ukigonga, kwenye kanda unasikia mlio. Ukivilinganisha hivyo viwili, mdomo na wimbo vinakwenda pamoja mpaka mwisho. Wapigapicha wengi walipiga kibao mwanzoni. Baba mkwe alikataa. Alisema mwimbaji anayevuta pumzi ili aanze hastahili kupigiwa ubao usoni. Basi alingoja wimbo uishe, akaacha kamera iendelee kuzunguka kwenye miguu yake mitatu, akanyoosha mikono miwili mbele ya lenzi na kupiga kibao akiwa amekishika juu chini. Kukipindua ndiyo ilikuwa ishara, na wapigapicha wenzake wote waliifahamu, kwamba mlio huu ni wa mwisho wa kipande na si wa mwanzo.

Tamasha lenyewe nalikumbuka kwa miguu zaidi kuliko kwa macho, maana nilikuwa mdogo na nilichoona ni migongo ya watu wazima. Zilikuja bendi na kwaya kutoka kila upande na kutoka nchi za jirani, uwanja wa mpira ukajaa hadi watu wakakaa juu ya kuta, na kwa siku kadhaa mji haukulala wala haukulalamika. Baba mkwe alilipiga picha lote. Kisha mikebe ikaingia rafuni, na rafu zikaingia mikononi mwa binti yake.

Halafu akaja Mkurugenzi mpya, mtu mstaarabu na mwenye nia njema. Nasema hivyo kwa sababu nina hasira naye na sitaki hasira yangu imdhulumu. Yeye ndiye aliyeamua kwamba kumbukumbu ya tamasha lile iadhimishwe kwa onyesho kubwa, na filamu zote zihamishiwe kwenye kompyuta. Bi Siki, ambaye alikuwa ameliomba jambo hilo mpaka waliomsikiliza wakastaafu, alifurahi kama bibi harusi. Aliisafisha kila filamu kwa mkono wake. Kazi ya kunakili akapewa fundi mmoja wa kompyuta, kijana wa makamo, hodari kweli, ambaye ofisi ilimbandika jina la Bwana Safi kwa kuwa kila sentensi yake iliishia na maneno “ilimradi kazi iwe safi.”

Picha zilipokuja, sote tulisogea tuzitazame. Mikwaruzo ilikuwa imeondoka, rangi zilikuwa zimerudi. Ile migongo niliyoikumbuka ilikuwa sasa na nyuso. Sauti ilikuwa bado, Bwana Safi alisema angeiunganisha baadaye, na hakuna aliyeona tatizo.

Hapo ndipo Mkurugenzi alipotangaza, mbele ya wafanyakazi wote waliokuwa wakinywa chai, kwamba kwa kuwa sasa nakala zipo, mikebe itaondolewa na chumba cha wodini kitageuzwa kuwa ukumbi wa mikutano. Naomba msomaji atulie hapa kidogo nami. Idara hiyo imeandikwa neno “hifadhi” juu ya mlango wake. Imeandikwa kwa herufi za shaba. Mtu hupita chini ya herufi hizo, hupanda ngazi, huketi ofisini, na kisha huamua kutupa kitu pekee alichokabidhiwa ili apate mahali pa kufanyia mikutano kuhusu hifadhi.

Bi Siki alijibu kwamba nakala ni nakala, na asili ni asili, na kwamba hakuna anayechoma shamba kwa sababu amekwisha kuvuna. Mkurugenzi alimsikiliza kwa upole wote.

“Mama, picha tunazo,” akasema. “Mikebe hii inanuka mpaka wageni wanaziba pua. Kwa sasa ni takataka tu.”

“Basi nipe mimi hizo takataka.”

“Chukua, mama. Takataka haiombwi.”

Watu walicheka, yeye mwenyewe akacheka, na Bi Siki akaenda kutafuta gari.

Gari hilo lilisimama langoni kwangu siku ya mapumziko, limejaa mikebe mpaka juu, na wifi yangu ameketi mbele kama msindikizaji wa mahari. Nilijua papo hapo kwamba kuna jambo, kwa sababu alinisalimia kabla sijamsalimia.

“Wifi, nimekuletea wageni,” akaniambia. “Hawali, hawasemi, wala hawachagui mahali pa kulala.”

“Wananuka.”

“Hata wewe ungefungiwa ndani ya mkebe miaka yote hiyo, ungenuka.”

Nilimwita mume wangu aje aseme neno. Mume wangu, ambaye hana unywele hata mmoja, alikuwa amekumbuka ghafla kwamba anatakiwa kwa kinyozi.

Sababu ya Bi Siki kuja kwangu ilikuwa ya kitaalamu na ndiyo iliyoniudhi zaidi, kwa kuwa sikuweza kuipinga. Stoo yangu ina kuta nene, haipigwi na jua hata kidogo, na ndicho chumba chenye ubaridi kuliko vyote katika nyumba za ukoo wetu. Alikuwa amekwisha kuzikagua zote, moja baada ya nyingine, akijifanya amekuja kutusalimia. Basi mchele wangu ukahamia chumbani kwetu, unga ukahamia chini ya kitanda, na mafuta ya kupikia yakasimama dirishani yakitutazama tukilala. Nami nikaweka sharti, kwa sauti ambayo hata kinyozi aliisikia: wageni hawa watakaa mpaka siku ya onyesho. Nakala zikionyeshwa na zikatosha, mikebe itatoka, na sitaki kujua inakwenda wapi. Bi Siki alikubali kwa sura ya mtu anayekubali huku akipima rafu kwa macho.

Alikuja kuwanusa kila jioni. Wali wetu ulianza kuwa na uchachu wa mbali. Wageni wa kawaida, wale wa miguu miwili, waliniuliza kwa heshima kama nimeanzisha biashara ya siki. Niliapa kwamba siku ya onyesho ikipita nitaisugua stoo ile kwa ndimu mpaka ukuta ulie.

Kabla ya onyesho lenyewe yalifanyika majaribio katika ukumbi mdogo wa idara. Walialikwa wanamuziki waliokuwa bado hai, na jamaa za wapigapicha, kwa hiyo mama mkwe wangu aliketi mstari wa mbele, amevaa mtandio wake mzuri. Kando yake aliketi mwimbaji mmoja mkongwe ambaye enzi zake watu walimwita Tarumbeta, kwa sababu alipoimba hakuhitaji kipaza sauti, na alipogomba ndio kabisa.

Taa zikazimwa. Uwanja ukatokea, watu juu ya kuta, vumbi, jua. Tarumbeta mwenyewe akatokea, kijana, mwembamba, akainua kichwa na kufungua mdomo, na mdomoni mwake ikatoka sauti ya gitaa. Akafumba mdomo, wimbo ukaanza. Mpiga ngoma aliinua mikono juu pakawa kimya, kisha alipokuwa anajifuta jasho kwa kitambaa, ngoma ikalia. Kwaya nzima iliinama kushukuru katikati ya ubeti, na wakati wamekwisha kutoka jukwaani bado walikuwa wakiimba.

Ndipo Tarumbeta aliposema gizani, kwa ile sauti isiyohitaji kipaza sauti, “Yule aliyefumba mdomo ni mimi. Sasa huyo anayeimba ni nani, na mbona ananishinda?”

Ukumbi mzima uliangua kicheko, isipokuwa watu watatu: Mkurugenzi, Bwana Safi na wifi yangu.

Taa ziliwashwa. Bwana Safi alisimama, na nitampa haki yake, hakudanganya wala hakumtupia mtu mwingine lawama. Alieleza kwamba amehangaika muda mrefu kuoanisha picha na sauti kwa kukisia, kwa kuwa hakuna kibao. Mwanzoni mwa vipande hakuna hata kimoja.

“Kuna vipande vya mwishoni,” akasema, “ambavyo kibao kimetokea, lakini kimeshikwa juu chini. Nikaona mzee amechoka, au amechanganyikiwa. Nikavikata vyote, ilimradi kazi iwe safi. Na yale mafaili mazito ya mwanzo nilikwisha kuyafuta ili nipate nafasi. Hata hizi kanda za sauti, kila moja mwishoni ina kishindo, halafu mtu anasema hodi. Nilidhani ni wapita njia.”

Aliyemjibu alikuwa mama mkwe. Alianza kucheka polepole, kwa mabega, kama mtu anayecheka msikitini au kanisani na anajua kwamba hapaswi.

“Huyo si mpita njia, mwanangu,” akamwambia. “Huyo ni mume wangu anaondoka.”

Wifi yangu alisimama. Sisi tunaomjua tulijiandaa kwa radi, na Bwana Safi, ambaye hakumjua sana lakini alikuwa amesikia habari zake, alishika mgongo wa kiti. Bi Siki alimwendea, akakaa kwenye kiti cha jirani na kumvuta naye akae.

“Kosa hili ni letu wawili, baba,” akasema. “Nilikukabidhi filamu, nikasahau kukukabidhi mzee aliyezipiga. Nyumbani kwetu hata paka alijua kwamba hodi inakuja mwishoni. Sikuwahi kufikiri kwamba duniani yupo mtu asiyejua.”

Mkurugenzi alikuwa amepauka. Alikuwa na onyesho lililotangazwa, wageni walioalikwa, waimbaji wanaoimba kwa mdomo uliofumbwa, na, kwa kadiri alivyojua yeye, aliyedhani ile “chukua” yake ilikuwa mzaha tu, vipande pekee vyenye kibao vilikuwa vimeoza jalalani. Aliuliza, kwa sauti ya chini, kama kuna anayejua ile mikebe ya asili ilipelekwa wapi. Nilitambua kwamba hakuiita tena takataka.

“Ipo kwa wifi yangu,” akajibu Bi Siki. “Muulize yeye kama ataitoa.”

Ukumbi mzima ukanigeukia. Sijapata kuwa na furaha ya namna ile tangu siku nilipopata shahada yangu, na siku ile hakukuwa na watu wengi hivyo.

“Takataka haiombwi, Mkurugenzi,” nikamwambia. “Lakini hizi utaziomba.”

Aliziomba, na aliziomba vizuri, akiwa amesimama, mbele ya wafanyakazi walewale waliokuwa wakinywa chai siku ile. Nikampa sharti langu: wodi ibaki wodi, kipoza hewa kinachokoroma kipate mrithi, na mikutano ya idara ifanyike mahali pengine popote, hata ngazini, ambako huenda ikawa mifupi. Akakubali yote. Nilitegemea wifi yangu atabasamu, lakini njia nzima ya kurudi nyumbani alikaa akitazama mikono yake. Mwishowe akaniambia linalomkaa rohoni. Filamu zile zimezungushwa kwa namna ambayo mwanzo uko nje na mwisho uko ndani, moyoni mwa gurudumu, ambako filamu imebanwa na ule mvuke wa siki hauna pa kutokea. Ugonjwa ukiingia moyoni hula kuanzia huko, na tangu ziliponakiliwa hakuna aliyezizungusha mpaka ndani. Baba yake alikuwa amejiweka palepale.

Asubuhi iliyofuata meza yangu ya kulia iligeuka meza ya upasuaji. Bwana Safi alikuja na mashine yake ya kutazamia, na, bila kuambiwa na mtu, akatoa mfukoni glavu nyeupe mpya. Mama mkwe aliketi karibu na kioo kidogo cha mashine. Mimi nilitakiwa nitoke, nikakataa, kwa kuwa nyumba ni yangu. Nikapewa taa nishike na kuamriwa nisihemee filamu. Hata mume wangu alikuwepo, akiwa hana tena kisingizio cha nywele.

Gurudumu la kwanza lilizunguka taratibu hadi moyoni, na pale moyoni palikuwa pasafi. Mikono miwili ikatokea kwenye kioo kidogo, kibao kikiwa juu chini, namba zikiwa kichwa chini miguu juu, na ulimi ukagonga. Mama mkwe aliinama mpaka pua ikagusa kioo.

“Kidole hicho kilibanwa na mlango wa kabati letu,” akasema. “Aliniambia hakiumi. Akakilaza juu ya mto wiki nzima.”

Baada ya hapo tulifungua mkebe baada ya mkebe, na kila ulimi ulipogonga kwenye kioo, mama mkwe alisema “tah” kwa niaba yake, mpaka sisi sote tukawa tunasema. Mmoja ulitushinda. Moyo wake ulikuwa umegeuka unga wa rangi ya kutu, nao ulimwagika mezani Bi Siki alipougusa. Aliukusanya kwa ukingo wa kiganja, akaurudisha mkebeni na kufunika. Kwaya iliyokuwa humo bado inaonekana kwenye nakala, lakini hakuna anayejua kwa hakika ni sauti ipi inatoka mdomo upi, na wifi yangu amekataa katakata kuwakisia.

Mkebe wa Tarumbeta ndio uliokuwa na harufu kali kuliko yote. Filamu ilikuwa imejikunja kama ganda la mti, na mizunguko ya ndani imeshikana. Bi Siki aliitenganisha kwa ukucha, huku akiiongelesha kwa maneno ambayo sikuyasikia vizuri, ila nilisikia “taratibu, mama” mara nyingi. Ilikatika, akaiunga. Ikakatika tena. Bwana Safi, ambaye kwa kawaida alipenda kuitangulia kazi, alikaa mikono magotini akisubiri kuambiwa. Hatimaye kipande cha mwisho kikapita chini ya taa, kimepauka, rangi karibu imeondoka yote, mikono ya mzee kama kivuli tu; lakini ulimi ulionekana ukishuka, na ulionekana ukigonga.

“Tah,” akasema Bwana Safi, peke yake, akasahau kuongeza kwamba kazi ni safi.

Onyesho lilifanyika katika ukumbi mkubwa, na watu walisimama hadi kwenye korido. Siku chache kabla yake, Bwana Safi alikuwa ameuliza kama sasa, baada ya picha na sauti kuoana, avikate vile vipande vya vibao. Mama mkwe alimjibu, “Mwacheni aondoke kwa desturi yake.” Kwa hiyo viliachwa.

Tarumbeta alitokea kwenye skrini, akainua kichwa, akafungua mdomo, na safari hii iliyotoka ilikuwa sauti yake, yote, mpaka glasi za wakubwa zikatetemeka mezani. Wimbo ulipokwisha, mikono miwili ikaingia mbele ya lenzi, kibao juu chini, tah, na sauti ya mtu mtulivu asiye na haraka ikasema, “Hodi.” Watu wakacheka. Kwenye kipande cha pili wakacheka tena, na kutoka nyuma kabisa mtu mmoja akaitikia. Kwenye cha tatu waliitikia wengi. Mpaka kipande cha mwisho, walikuwa wakiingoja. Bendi ilimaliza, jukwaa likabaki na vumbi, mikono ikaja, ulimi ukagonga, mzee akapiga hodi, na ukumbi mzima, wazee kwa watoto, ukamjibu kwa sauti moja, “Karibu.”

Mama mkwe alijifuta macho kwa ncha ya mtandio. “Wamechelewa kumjibu,” akaniambia, “lakini wamemjibu.”

Mikebe ilirudi wodini wiki iliyofuata, chini ya kipoza hewa kipya ambacho Bi Siki hakiamini kwa sababu hakikoromi. Baadaye alikuja kukagua stoo yangu, ambayo nilikuwa nimeisugua kwa ndimu, kwa maji ya moto na kwa maneno makali. Mchele ulikuwa umekwisha kurudi mahali pake. Alisimama katikati, akafumba macho, akavuta pumzi ndefu. Nilingoja hukumu kama mtu aliyempeleka mtoto hospitali.

“Ana mafua kidogo,” akasema. “Lakini atapona.”